Rais Aliyeondoka na Kiwanja Chetu

Sahibu yangu Anselmo,

Salamu leo nimezikata. Mama mzima, ami mzima, duka liko pale pale, na kila jirani wa Ndia Kuu aliyekuwa akikuita kwa jina ukipita yuko na afya yake. Hayo yatosha. Sina nafasi ya kujaza kurasa mbili za kukuulizia hali kabla sijasema neno lenyewe. Neno lenyewe ni hili: tunataka utie sahihi ya kuturudishia kiwanja cha mpira, na karatasi hiyo ifike Mombasa kabla Shaabani haijaisha. Isipofika tutanyang'anywa.

Hii ni barua ya nne. Tatu za mwanzo nilizifunga vizuri kwa lakiri, nikaandika jina lako kwa mkono wa kupamba, na hukujibu hata moja. Hii sikuifunga. Leo baada ya sala ya alasiri nitaisoma barzani mbele ya wachezaji wote, kisha nitaipeleka melini ikiwa wazi vivyo hivyo. Atakayetaka kuisoma njiani na aisome. Nimechoka kukusitiri.

Siku ya kwanza ulipotutokea ulikuwa na miaka kumi na tisa. Kampuni ya meli ilikuleta kuwa karani Kilindini, shingo yako ilikuwa nyekundu kwa jua, na ulivaa kofia ya majani iliyokushuka hadi masikioni. Sisi tulikuwa tunacheza kwenye uwanda wa njia ya Makupa, kumi na wawili upande mmoja na tisa upande wa pili, kwa kuwa siku hizo tuligawana kwa mitaa wala hatukujali hesabu. Ulisimama ukatazama kidogo. Halafu ukavua viatu, ukavitundika shingoni kwa kamba zake, ukaingia upande wa watu tisa bila kumwuliza mtu. Famau, winga wetu wa kushoto, ambaye ulimi wake umemtangulia miguu tangu utotoni, akasema kwa sauti ya wote kusikia, "Huyu naye yuwatoka wapi? Mwambieni hapa si bandarini." Hukufahamu hata neno. Ulimpokonya mpira, ukampita, ukaja kwangu golini ukanipitishia katikati ya miguu, na kanzu niliyokuwa nimeikunja kiunoni ikafunguka nilipogeuka kuutafuta mpira. Watu wangu wa mtaa walinicheka wiki nzima.

Kutoka hapo ukawa unakuja dukani kila jioni. Mimi nashona kofia, wewe umekaa kwenye kigoda unakula karanga na kuuliza jina la kila kitu. Nilikufunza Kiswahili, nawe ukanifunza herufi hizi za Kizungu ninazoandikia sasa, juu ya karatasi tunazofungia kofia za wateja. Ulinisimulia mji wenu wa pwani kule Hispania, na mabaharia wa Kiingereza waliowafunza mpira kwenye tope la bandari, na jinsi wewe na wenzako wa shule mlivyoanzisha chama chenu mkiwa hamjaota ndevu. Mama hakuweza kulitamka jina lako, akakuita Salmini, na mtaa mzima ukamfuata. Ulipokuwa ukila kwetu alikuwa akisema kutoka nyuma ya pazia, "Mbona yuwala kidogo hivi? Au hapendi mkono wangu?" Nawe ungejitetea kwa Kiswahili cha kuvunjika, na sahani ingejazwa upya.

Miaka mitatu ikapita hivyo. Ndipo serikali ilipoanza kuikata kata ardhi ya nje ya mji na kuwapa watu kwa karatasi, na sisi tukaona tusipokuwa na karatasi ya kile kiwanja iko siku tutakuta kimejengwa. Jioni moja tukakualika barzani. Ami Said, ndugu wa marehemu baba, ndiye aliyesimama. Alisema chama chetu cha mpira sasa kimekuwa kikubwa na kinataka rais, na rais awe wewe. Mikono yote ikainuka. Ukawa mwekundu zaidi ya siku ile ya jua.

Ukasema, "Ami, mimi ni mdogo. Wako wakubwa hapa."

Ami akakujibu, "Mpira hauulizi umri, Salmini. Miguu yako yatutosha."

Ulikuwa na miaka ishirini na miwili. Kesho yake ulinionyesha barua uliyomwandikia mama yako, na ingawa sikujua lugha yenu, jina la Mombasa niliweza kulisoma, limepigiwa mstari mara mbili. Na siwezi kukunyima haki yako, ulikuwa rais wa kweli. Ulikomesha ule mchezo wa kumi na wawili kwa tisa. Aliyechelewa ulimsimamisha nje hata akiwa mtoto wa nani. Famau alipomtukana mwamuzi ulimweka kando mechi tatu, akakuapia kwamba hatakusamehe. Kile kiwanja tulikipima wewe na mimi kwa kamba ya jahazi, ukajikwaa, ukararua suruali, tukasimamisha mawe manne kwenye pembe zake. Baada ya siku chache karatasi ikatoka ofisi ya ardhi. Juu yake liliandikwa jina lako, na chini ya jina lako neno la rais. Sote tuliigusa karatasi ile kwa zamu.

Halafu ikaja habari kwamba baba yako mgonjwa, na meli inaondoka baada ya siku nne.

Sasa nisikilize, kwa kuwa hapa ndipo tulipojichongea. Ami aliniita kando akasema, "Mwandikie karatasi ya mstari mmoja, kwamba kiwanja akirudisha kwa chama. Atie sahihi kabla hajapanda meli." Niliiandika. Siku ya kukuaga nilikuwa nayo mfukoni mwa kanzu, imekunjwa mara nne. Mkaja nyumbani watu kama ishirini. Nikajiambia, asitolewe karatasi anakula, nimngoje anawe. Uliponawa ami alikuwa amekwisha kuanza hadithi ya safari yake ya Hija, na hadithi ile huijui mwisho wake. Ikaja halwa. Ikaja kahawa. Nikasema akishusha kikombe cha tatu nitamwambia, tena kwa upole, kama jambo lililonijia hivi hivi. Mama huko ndani akasikia sauti zimepungua, akadhani tumekwisha mazungumzo, akapitisha chetezo cha udi.

Wewe hukujua maana yake, na sikukueleza, kwa hivyo nakueleza leo. Kwetu udi ukishazungushwa kikao kimekwisha. Mgeni hujifukiza nguo zake akainuka, na atakayeanzisha jambo la kazi baada ya udi ni sawa na aliyemshika mgeni shati mlangoni. Hakuna mtu wa kwetu angefanya hivyo. Ulisimama, moshi ukakuingia ndani ya koti, ukacheka na kukohoa pamoja. Ami akanitazama. Mimi nikatazama mkeka. Mkono wangu ulikuwa karibu na ule mfuko na haukwenda. Asubuhi yake pwani ulikuwa unalia, na mimi nalia, na hapo tena nani angetoa karatasi?

Ndiyo hivyo tulivyokipoteza, Anselmo. Hakuna aliyetuibia. Tulikuwa na adabu mno.

Mwezi jana imetoka amri mpya. Kila mwenye ardhi nje ya mji afike ofisini mwenyewe, yule yule ambaye jina lake liko kwenye karatasi, au alete hati ya makabidhiano yenye sahihi yake. Asiyefika, ardhi yake inarudi serikalini. Nilikwenda na ami. Yule karani Mgoa wa ofisi ile, mtu muungwana, aliitazama karatasi yetu muda mrefu.

"Bwana, rais wenu yuko wapi?" akauliza.

"Safarini," akasema ami.

"Amesafiri lini?"

Ami akakohoa. Nikajibu mimi kwamba ni mwaka wa pili huu.

"Basi arudi, au aandike," akasema karani. "Na mfanye haraka. Yupo mfanyabiashara anakitaka kiwanja hicho ajenge ghala, na barua zake yeye zafika."

Maneno hayo ya mwisho yalinichoma kuliko yote. Tayari wapimaji wamekuja na minyororo yao, wamepigilia vigingi, na kimoja wamekipigilia katikati ya goli langu. Tunacheza hivyo hivyo. Wiki iliyopita mchezaji mmoja wa Tononoka alijigonga juu yake akachanika goti, na alipokuwa amekaa chini anajifunga kitambaa akaniuliza, "Kwani rais wetu amesemaje?" Nilimwambia barua iko njiani. Nimekuwa mwongo kwa ajili yako, tena mwongo wa kila siku.

Famau yeye ana dawa yake. "Si wewe uliyefunzwa kuandika naye?" aliniambia mbele ya watu. "Mkono wake waujua. Tia hiyo sahihi tumalize, wajifanya sharifu wa nini?" Nilikataa. Ningependa kukuambia nilikataa kwa uaminifu peke yake, lakini na uoga umo. Mwenye kughushi sahihi hapa huishia Ngomeni, na Ngome siku hizi ni jela.

Haya yote ningeweza kuyabeba kama ningedhani barua zangu zimezama baharini. Nilikuwa nimeshajipa moyo hivyo. Kisha juzi akaingia dukani mtu wa kwenu, mhudumu wa meli iliyotia nanga Kilindini, anatafuta kofia ya kumpelekea mtoto wake. Kusikia kwamba ametoka Hispania nilimtajia jina lako na la mji wako. Akaruka kutoka kwenye kigoda. Yule karani Mgoa alikuwa dukani siku hiyo, akatufasiria kwa Kireno chake cha Goa, wakaelewana nusu kwa maneno nusu kwa mikono. Mtu yule alitoa picha mkobani. Picha ya chama chenu. Wachezaji wamesimama nyuma wamekunja mikono, na wewe umekaa katikati kwenye kiti, umefuga masharubu, mpira uko miguuni pako. Akasema, huyu ndiye rais wetu, ana miaka ishirini na minne, hakuna chama katika jimbo letu chenye rais mdogo kama yeye.

Nilifurahi. Naapa nilifurahi kwanza, nikamwita mama ndani aje aone, naye akaishika picha kwa ncha za vidole akasema, "Salmini amenenepa, alhamdulillahi." Kisha nikamwambia karani amwulize yule mtu kama barua kutoka Mombasa hufika. Akasema hufika. Akasema ziko kwenye meza ya chama chenu, tatu, na wageni wakija unawaonyesha stempu zake na mwandiko. Unawaambia kwamba Afrika umeacha marafiki, na kwamba una uwanja wako Mombasa.

Uwanja wako. Karani alilifasiri neno hilo mara mbili, maana nilimwambia arudie.

Nilishona vibaya siku nzima. Kofia moja nimeifumua mara tatu. Nilikutukana kwa lugha mbili, na tusi la lugha yenu ulinifunza wewe mwenyewe siku ile uliyojikwaa kiwanjani. Lakini usiku sikulala kwa hasira, na hasira yenyewe haikuwa safi, kwa kuwa nakala za barua zile ninazo, na asubuhi nilizitoa nikazisoma kama mgeni anayezisoma. Ya kwanza ina kurasa tatu. Kurasa mbili na nusu ni salamu, dua ya kumwombea baba yako, sifa zako, habari za mvua, na harusi ya binti wa jirani. Chini kabisa nimeandika: na lile suala la kiwanja, ukipata wasaa, utalitazama. Ya pili ni hivyo hivyo. Ya tatu, ambayo nilidhani nimekuwa mkali hadi nikaona haya kuipeleka, imesema kwamba wenzako wa kiwanjani wanakukumbuka sana na wangefurahi kuona mwandiko wako.

Sasa mtu wa Hispania atajuaje kwamba hapo anaombwa jambo? Mtu wa Mombasa angejua. Angesoma zile salamu akaona zimekuwa nyingi kupita kiasi, akajua kuna dhiki. Wewe ulisoma salamu ukadhani ni salamu. Basi nakubali sehemu yangu. Sehemu yako ni kwamba mtu aliyekula kwetu miaka mitatu na zaidi hajibu hata salamu.

Na kwa kuwa nimeanza kusema bila pazia, nitasema na lile ambalo sote tulikuficha. Najua wapo watakaoinamisha vichwa barzani nikifika mstari huu, na ami wa kwanza. Hatukukuchagua kwa miguu yako. Kabla ya kikao kile mimi na ami tulikuwa tumekwenda ofisi ya ardhi mara nne, na mara zote tukaambiwa njooni kesho. Mara ya tano ndipo karani yule yule Mgoa alipotusindikiza hadi nje akatunong'oneza, "Andikeni jina la Mzungu hapo juu, mtaipata wiki hii." Ami alirudi nyumbani akasema basi awe Salmini. Mambo yalikwisha kabla hujakaribishwa. Wewe ulimwandikia mama yako kwamba watu wa Mombasa wamekuamini, na sisi tulikuwa tunatafuta jina, la kwako ndilo lililokuwa karibu. Nilikuona ulivyofurahi na sikuweza kukwambia. Kila uliponiita katibu wangu, nami nikakuita rais wangu, nilijisikia vibaya.

Kwa hivyo usijivunie uwanja wa Mombasa mbele ya wageni. Haukuwa wako siku hata moja. Ulikuwa umetuazima jina lako, na sisi kwa aibu zetu hatukukurudishia.

Lakini lipo jambo ambalo halikuwa na hila ndani yake, na sitaki hasira hii ilichafue. Baba alifariki mwaka wa pili wa wewe kuwa hapa. Sikukupelekea habari. Ulikuwa mtu wa dini nyingine na kazi ya watu, nikaona nisikusumbue. Nilitoka mazikoni nikakukuta umekaa mkekani nje ya nyumba pamoja na wanaume wa mtaa, umevua viatu, magoti yako hayajui kukunjika, uso umekutota jasho. Sijui hadi leo nani alikwambia. Siku zote tatu za matanga ulikuja, na hukusema lolote maana hukuwa na Kiswahili cha kusema mahali kama pale. Siku ya tatu Famau, huyo huyo Famau, aliinuka akakuletea mto wa kuegemea.

Pamoja na barua hii nimetia karatasi ya mstari mmoja. Itie sahihi, iweke kwenye bahasha, uirudishe kwa meli ya kwanza. Rajabu yote ni ya barua hii kuja kwako, Shaabani yote ni ya jibu kurudi kwetu. Hakuna siku ya ziada.

Siku ile ya baba sikukuita, na ulikuja. Safari hii nimekuita mara nne.

Wasalamu,
Sahibu yako wa golini